Wanderers: mabingwa wa kwanza wa Kombe la FA walipotelea wapi?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni shabiki wa Wolves tangu nikiwa mdogo. Juzi kijiweni tulibishana sana. Mwenzangu anadai klabu ya kwanza kutwaa Kombe la FA la England inaitwa Wanderers, kwamba walilibeba mara tano, wakaruhusiwa hadi kulichukua liwe mali yao, na leo hawapo. Mimi nikamwambia hao watakuwa ni Wolves wenyewe, yaani Wolverhampton Wanderers, au basi Bolton Wanderers. Nani yuko sahihi? Na kama kweli klabu hiyo haipo, iliuawa na nini, wakati ilikuwa inashinda? Ni soka la kulipwa? Na hilo kombe lao liko wapi? (Msomaji, Morogoro)

JIBU: Marahaba. Mwenzako yuko sahihi kwa kila alichosema, na Wanderers anaowataja hawana undugu na timu yako. Wolves walitokana na timu ya shule ya St Luke's iliyoanza mwaka 1877, ambayo mwaka 1879 iliungana na klabu ya kriketi iliyokuwa na jina hilo la Wanderers. Bolton walianza 1874 kama timu ya kanisa, Christ Church, wakagombana na kasisi wao, wakajitenga na kuchukua jina walilonalo leo mwaka 1877. Wolves wamebeba Kombe la FA kwa mara ya kwanza 1893. Bolton wakasubiri mpaka 1923, kwenye fainali ya kwanza kuchezwa Wembley. Wanderers unaowauliza walikuwa wa London, na kufikia wakati huo walikuwa wameshasahaulika.

Sasa nikupe kisa chenyewe, maana ukikijua mwanzo wake hutashangaa mwisho.

Mwaka 1859 vijana waliokuwa wametoka kumaliza masomo Harrow, moja ya shule za bweni za watoto wa wenye nacho, walianzisha timu huko Leytonstone, kando ya msitu wa Epping, mashariki ya London. Wakaiita Forest. Vinara walikuwa ndugu wawili, John na Charles Alcock, ambao familia yao ilitokea Sunderland, mji wa meli na bandari kaskazini. Hakukuwa na ligi wala kombe, na hata sheria za mchezo hazikuwa moja. Kila shule ilikuwa na soka lake: huku mpira unashikwa kwa mikono, kule haushikwi, na pengine kumkata mtu mtama au kumpiga teke la ugoko ilikuwa sehemu halali ya mchezo. Mechi yao ya kwanza tunayoijua kwa maandishi ni ya tarehe 15 Machi 1862 dhidi ya Crystal Palace ya wakati huo, wachezaji 15 kila upande, na Forest wakashinda 1–0.

Tarehe 26 Oktoba 1863, wawakilishi wa klabu na shule kadhaa za London na viunga vyake walikutana kwenye baa ya Freemasons' Tavern, mtaa wa Great Queen Street, wakaunda chama cha soka, yaani FA hii hii tunayoijua. Forest walikuwemo, na John Alcock alikuwa miongoni mwa waliokiwakilisha kikosi hicho. Vikao vilivyofuata vilikuwa vya moto. Kulikuwa na waliotaka mtu aruhusiwe kukimbia na mpira mikononi na kupigana mateke ya miguu, na kulikuwa na waliokataa. Waliokataa wakashinda. Klabu ya Blackheath ikasusa na kutoka, na mwaka 1871 ikawa miongoni mwa walioanzisha chama cha raga. Kwa hiyo unapouliza soka na raga viliachana lini, jibu linapita katika chumba kile, na kina Alcock walikuwemo.

Mwaka uliofuata, 1864, Charles akaitoa timu kwenye kivuli cha msitu wa Epping na kuanza upya kwa jina la Wanderers. Kuanzia hapo hawakuwa na kwao. Walicheza Battersea Park, wakacheza viwanja vya kukodi au vya kuazima, na kuanzia 1869 wakawa wanautumia sana Kennington Oval, uwanja wa kriketi wa Surrey. Jezi zao zilikuwa za rangi ya machungwa, zambarau na nyeusi, na kwa zama zile za picha za rangi moja inasikitisha kwamba hatuwezi kuziona zilivyong'aa.

Sikiliza hapa vizuri, kwa sababu ndipo penye jibu la swali lako. Wewe wa Morogoro unaijua kombaini. Shule zinacheza, wanachaguliwa wakali kutoka kila shule, inaundwa timu ya wilaya au mkoa, inakwenda kwenye mashindano na kutisha kila mtu. Mashindano yakiisha, kila kijana anarudi shuleni kwake. Wanderers ilikuwa kombaini ya kudumu. Mchezaji wake alikuwa amesoma Harrow, Eton, Westminster au Charterhouse, pengine akapitia Oxford au Cambridge, na sasa yuko London akifanya kazi benki, mahakamani au jeshini. Alikuwa na klabu nyingine mbili tatu. Wiki hii anachezea Wanderers, wiki ijayo anacheza dhidi yao. Kwa sheria za ridhaa hakuna aliyeona ubaya, maana hakuna aliyelipwa, hakuna mkataba, na mashabiki wa kuzomea msaliti hawakuwepo. Klabu haikuwa na mtaa wa kuisemea. Mara nyingi hata wakiwa kwenye ubora wao walifika uwanjani pungufu, wakaanza mechi na watu tisa au kumi, au wakaokota mtu aliyekuja kutazama.

Kilichowashikilia pamoja ni Charles Alcock mwenyewe. Alizaliwa Desemba 1842, na sijui mtu mwingine mmoja aliyefanya kazi nyingi kiasi hicho kuufanya mchezo huu uwe ulivyo. Alikuwa mwandishi wa habari za michezo, nahodha wa Wanderers, katibu wa FA kuanzia 1870 hadi 1895, na kuanzia 1872 mpaka kifo chake 1907 alikuwa pia katibu wa klabu ya kriketi ya Surrey, wenye uwanja wa Oval. Ukiona fainali za Kombe la FA karibu zote kati ya 1872 na 1892 zilichezwa Oval, unajua nani alikuwa na funguo. Mechi za kwanza za England na Scotland ni yeye aliyezihangaikia.

Tarehe 20 Julai 1871, ofisini kwa gazeti la The Sportsman, ndipo alipotoa wazo la kombe. Akiwa Harrow alizoea mashindano ya mabweni, ambapo ukifungwa umetoka na bweni linalobaki mwisho ndilo bingwa. Akasema kwa nini klabu zote zilizo chini ya FA zisifanye hivyo? Wakakubali. Klabu 15 zikajiandikisha. Kombe lenyewe lilikuwa dogo, la fedha, la thamani ya pauni 20 hivi, na klabu zikachanga. Queen's Park wa Glasgow, ambao hawakuwa watu wa kujitapa na pesa, walitoa gini moja, ambayo ni pauni na shilingi.

Msimu huo wa kwanza ukiusoma leo unaweza kudhani ni mashindano ya ndondo yaliyokosa usimamizi. Raundi ya kwanza Wanderers walipangiwa Harrow Chequers, ambao hawakutokea, ushindi wa mezani. Raundi ya pili wakawafunga Clapham Rovers 3–1. Raundi ya tatu wakatoka sare tasa na Crystal Palace, na badala ya kurudia, zote mbili zikaruhusiwa kusonga mbele. Nusu fainali wakakutana na Queen's Park pale Oval, tarehe 5 Machi 1872, sare tasa tena. Sasa hawa Waskoti nauli ya kutoka Glasgow mpaka London waliipata kwa michango. Kukaa London wakisubiri marudiano, au kurudi nyumbani na kuja tena, hawakuwa na uwezo huo. Wakajitoa. Kwa hiyo Wanderers walitinga fainali wakiwa wameshinda mechi moja tu uwanjani. Usiichukulie kama dharau kwao. Ndivyo mambo yalivyokuwa kabla ya ratiba na kanuni kukaa sawa, na fainali waliicheza kweli.

Ilikuwa Jumamosi, 16 Machi 1872, Oval. Wapinzani walikuwa Royal Engineers, maofisa wahandisi wa jeshi kutoka Chatham, wakiongozwa na Francis Marindin, na ndio waliopewa nafasi kubwa na wacheza kamari. Watazamaji wapata 2,000, kiingilio shilingi moja, bei ya juu kwa kibarua wa siku hizo. Goli halikuwa na mwamba juu. Ilikuwa milingoti miwili na utepe umefungwa katikati. Nyavu hazikuwepo, penalti haikuwepo (ilikuja 1891), na timu zilibadilishana magoli kila bao lilipoingia. Mfumo ulikuwa wa kushangaza kwa macho ya leo: golikipa, mabeki na viungo wawili watatu hivi, na waliobaki wote mbele. Aliyekuwa na mpira alikimbia nao kichwa chini akipiga chenga mpaka anyang'anywe, na wenzake wanamfuata nyuma kudaka mpira utakaodondoka.

Dakika kumi tu za mwanzo, luteni Edmund Creswell wa Royal Engineers akavunjika mfupa wa bega. Wachezaji wa akiba hawakuwepo. Alikataa kutoka, akabaki pembeni ya uwanja akiwa na maumivu yale mpaka mwisho. Dakika ya kumi na tano hivi, Walpole Vidal, kijana aliyesifika kwa chenga kuliko wote wa wakati wake, akapita na mpira, ukamfikia Morton Peto Betts, akafunga. Bao pekee. Kwenye orodha ya timu jina la Betts halikuandikwa. Aliandikwa "A. H. Chequer", kwa kuwa alikuwa mwanachama wa Harrow Chequers, wale wale waliowapa Wanderers ushindi wa mezani raundi ya kwanza. Leo mchezaji wa namna hiyo angepelekwa kamati ya nidhamu na kombe lingeondoka. Siku ile kila mtu uwanjani alimjua ni nani na hakuna aliyelalamika. Alcock naye aliingiza bao, likakataliwa kwa kosa la mkono la mwenzake. Kombe hawakukabidhiwa uwanjani. Walilipokea Aprili 11 kwenye karamu katika mgahawa wa Pall Mall, kutoka kwa rais wa FA, Ebenezer Morley.

Msimu wa pili bingwa alikaa nyumbani na kusubiri. Kanuni ilimpeleka moja kwa moja fainali, na tena yeye ndiye achague uwanja. Klabu isiyo na uwanja ikachagua Lillie Bridge, magharibi ya London. Mechi ikaanza asubuhi, tarehe 29 Machi 1873, kwa kuwa siku hiyo hiyo kulikuwa na mashindano ya makasia ya Oxford na Cambridge na watu walitaka kuwahi mto Thames. Wapinzani walikuwa Chuo Kikuu cha Oxford. Arthur Kinnaird akafunga la kwanza. Oxford, wakitafuta kusawazisha, wakamtoa golikipa wao langoni aende kushambulia, na Charles Wollaston akawaadhibu kwa la pili. 2–0. Katika kikosi hicho cha Wanderers alikuwepo William Kenyon-Slaney, ambaye wiki tatu nyuma, Machi 8, alikuwa ameifungia England bao lake la kwanza kabisa katika historia, dhidi ya Scotland.

Miaka miwili iliyofuata Oxford walilipa kisasi, wakawatoa Wanderers kila msimu. Ya kukumbukwa katika kipindi hicho ni kapu la magoli waliloshushiwa Farningham, 16–0, Oktoba 1874.

Halafu ikaja miaka mitatu ambayo hakuna wa kuwagusa. Mwaka 1876 walitoka 1–1 na Old Etonians, kisha wakashinda marudiano 3–0, na ndugu wawili, Hubert na Frederick Heron, wakawa ndugu wa kwanza kulibeba kombe pamoja. Mwaka 1877 waliwafunga Oxford 2–1 baada ya muda wa nyongeza. Mwaka 1878 wakawafunga Royal Engineers 3–1, mawili yakifungwa na Jarvis Kenrick. Huyu Kenrick ndiye pia aliyefunga bao la kwanza kabisa la Kombe la FA, Novemba 1871, akiwa na Clapham Rovers. Ndiyo ile kombaini ninayokueleza.

Ngoja nikae kidogo kwenye fainali hizo mbili za mwisho. Ya 1877, Kinnaird alisimama golini. Ukimkuta Kinnaird kwenye picha utamtambua haraka: ndevu nyingi, na uwanjani alipenda suruali ndefu nyeupe na kofia ya buluu na nyeupe. Alikuwa mtu wa benki, mrithi wa ukoo wa kilodi wa Scotland, mcha Mungu, na mtu wa kupigana mateke kwa furaha. Siku hiyo mpira mrefu ukaja, akaudaka vizuri, kisha akarudi nyuma hatua moja ndani ya goli. Waamuzi wakasema bao. Amejifunga. Baadaye bao hilo lilifutwa kwenye kumbukumbu za FA, na kwa karibu miaka mia moja vitabu viliandika 2–0, mpaka watafiti walipofukua magazeti ya 1877 na matokeo yakarudishwa kuwa 2–1. Kinnaird alikuwa mjumbe wa kamati ya FA, na mimi naamini uzito wa jina lake ulichangia kufutwa huko.

Ya 1878 mwenye kusifiwa ni golikipa James Kirkpatrick. Mapema katika mechi, kwenye msukumano mbele ya mstari wa goli, mkono wake ulivunjika. Mpira aliuzuia usivuke. Kisha akabaki langoni na mkono uliovunjika mpaka filimbi ya mwisho, na timu yake ikashinda. Nimesoma habari nyingi za magolikipa mashujaa, lakini huyu namweka juu.

Kanuni ilisema atakayetwaa kombe mara tatu mfululizo atalichukua kabisa. Wanderers walikuwa na haki ya kuondoka nalo siku hiyo. Wakalirudisha FA kwa sharti moja, kwamba kuanzia hapo klabu yoyote isiruhusiwe kulimiliki moja kwa moja, hata ikishinda mara ngapi. Kwa hiyo Blackburn Rovers waliposhinda mara tatu mfululizo, 1884 hadi 1886, walipewa ngao maalumu na kombe likaendelea na safari yake. Tangu hapo hakuna klabu nyingine iliyoshinda mara tatu mfululizo.

Machi 1878, basi, hawa ni mabingwa mara tano katika misimu saba, na Wollaston yumo katika zote tano. Msimu uliofuata, raundi ya kwanza, wakapangiwa Old Etonians, pale pale Oval. Wakafungwa 7–2.

Kinnaird msimu huo alikuwa na Old Etonians, klabu ya waliosoma Eton, shule yake. Machi 1879 akabeba kombe pamoja nao. Na ukiangalia msimu wa 1877–78, ambao Wanderers walikuwa mabingwa kwa mara ya mwisho, utakuta kwenye nusu fainali jina jipya: Old Harrovians, klabu ya waliosoma Harrow. Umeona? Harrow ndiyo iliyokuwa shamba la Wanderers tangu siku za msituni. Kijana aliyemaliza Harrow mwaka 1865 na kutaka kuendelea kucheza London, mlango wake ulikuwa kwa Alcock. Aliyemaliza 1877 alikuwa na klabu ya wenzake aliosoma nao, wanaojuana toka bwenini. Waliosoma Charterhouse nao wakaanzisha Old Carthusians, na mwaka 1881 wakalitwaa kombe. Kila shule iliita watoto wake nyumbani, na kombaini ikabaki bila wachezaji.

Wakongwe nao walikuwa wamechoka. Alcock mwenyewe alishakaribia miaka arobaini na alikuwa na kazi mbili za ukatibu. Msimu wa 1879–80 walifika raundi ya tatu, na waliowatoa wakawa Old Etonians tena, 3–1. Hiyo ndiyo mechi yao ya mwisho ya Kombe la FA. Msimu wa 1880–81 wakapangiwa Rangers, klabu ndogo ya London isiyohusiana na ile ya Glasgow, wakashindwa kupata watu kumi na mmoja, wakajitoa. Msimu uliofuata wakapangiwa timu ya hospitali ya St Bartholomew's, wakajitoa tena. Baada ya hapo kilichobaki ni mechi moja kwa mwaka, wakati wa Krismasi, dhidi ya wanafunzi wa Harrow. Kufikia mwisho wa miaka ya 1880 hata hiyo ilikuwa imekoma. Hakukuwa na mkutano wa kuivunja klabu unaokumbukwa, wala deni, wala kesi.

Sasa kuhusu soka la kulipwa. Maelezo hayo utayasikia sana, kwamba mabwana wa ridhaa waliondolewa na wafanyakazi wa viwanda wa kaskazini walioanza kulipwa. Kwa soka la ridhaa kwa ujumla ni kweli. Kwa Wanderers, tarehe zinakataa. Malipo yaliruhusiwa rasmi na FA Julai 1885. Ni kweli yalikuwepo ya chini kwa chini kabla: mwaka 1879 Darwen, timu ya mji wa viwanda vya pamba huko Lancashire iliyokuwa na Waskoti wawili waliosemekana wanalipwa, ilikuja London ikiwa nyuma 5–1 dhidi ya Old Etonians, ikasawazisha 5–5, na ikahitaji kurudiwa mara mbili ndipo itolewe. Mwaka 1883 Blackburn Olympic, kikosi chenye wafumaji na vibarua, kikawafunga Old Etonians 2–1 kwenye fainali, na kombe likaenda kaskazini. Lakini Wanderers hawakufungwa na Darwen wala Blackburn. Walifungwa na Old Etonians, watu wa tabaka lao, wa ridhaa kama wao. Na ilipofika 1883 hawakuwa hata kwenye droo. Alcock mwenyewe, ukitaka kujua, alikuwa upande wa waliotaka malipo yaruhusiwe waziwazi, na alilitetea jambo hilo ndani ya FA mpaka likapita.

Ushahidi mwingine ni Queen's Park, wale waliokosa nauli mwaka 1872. Walibaki klabu ya ridhaa mpaka Novemba 2019, wanachama walipopiga kura kuachana nayo, na hadi leo wanacheza ligi ya Scotland. Wao walikuwa na Glasgow, walikuwa na uwanja na wanachama wanaorithishana. Old Etonians na Old Carthusians nao wapo, wanacheza ligi yao ya wahitimu, kwa sababu shule zao kila mwaka zinatoa wachezaji wapya. Timu ya Royal Engineers ipo kwa kuwa jeshi lipo. Kutolipwa hakukuwaua hao. Wanderers walikosa chemchemi ya namna hiyo. Walitegemea hiari ya watu ambao kila mmoja alikuwa na kwingine anakohesabu ndiko kwao, na siku wito ulipotoka huko, waliondoka bila ugomvi. Ubora wao na kifo chao vilitoka mahali pamoja.

Nisikuache bila kukwambia kwamba jina limefufuliwa. Mwaka 2009 ilianzishwa timu mpya ya Wanderers inayocheza mechi za kuchangia misaada, na Novemba 2012 waliicheza upya fainali ya 1872 dhidi ya Royal Engineers, pale pale Oval. Safari hii wanajeshi walishinda 7–1.

Limebaki kombe. Lile la kwanza, walilolirudisha 1878, liliendelea kushindaniwa mpaka usiku wa tarehe 11 Septemba 1895. Aston Villa ndio waliokuwa mabingwa, na walikuwa wameliazimisha kwa muuza viatu vya mpira mjini Birmingham, William Shillcock, aliweke dirishani dukani kwake watu walione. Wezi wakaingia wakaondoka nalo, na mpaka leo halijapatikana. Villa walitozwa faini ya pauni 25 na FA ikatengeneza jingine linalofanana nalo. Hilo la pili lilitumika mpaka 1910, na mwaka 1911 FA ikampa zawadi rais wake aliyekuwa ametimiza miaka 21 madarakani. Rais huyo alikuwa Lord Kinnaird, yule wa kofia na suruali nyeupe, aliyefunga bao la Wanderers pale Lillie Bridge. Ukoo wake ulilitunza kwa miongo mingi. Mwaka 2005 liliuzwa mnadani kwa pauni 478,400, akalinunua David Gold, na mwaka 2020 likauzwa tena kwa pauni 760,000. Aliyelinunua safari hii ni Sheikh Mansour wa Abu Dhabi, mwenye Manchester City, kwa sababu ndilo kombe ambalo City walilibeba 1904. Akaliazimisha kwa Jumba la Taifa la Makumbusho ya Soka, mjini Manchester. Ukibahatika kufika Uingereza, nenda ukaliulizie pale.